Maswali na Majibu: Msikiti wa eapoti sio sebule ya kusubiria ndege

Wiki hii karibu wote mnaouliza ni wasafiri, wenye ruhusa ya kufupisha swala za rakaa nne ziwe mbili, haya twende.

Nimekuta imamu wa eapoti ni mkazi anaswalisha Adhuhuri. Nikitoa salamu rakaa ya pili inafaa?

Haifai! Hili nishalijibu mpaka nimechoka jamani. Ukimfuata mkazi unatimiza nne, na Ibn Abbas, sahaba wa Mtume, aliulizwa hilohilo akasema ndio sunna. Ukiswalisha wewe msafiri, swali mbili utoe salamu, wakazi wainuke wamalizie, ila waambie mapema, maana watu wa mtaa wanaswali pale kila siku, usiwaache wanatazamana.

Maghribi je?

Tatu ni tatu, haifupishwi.

Niko eapoti ya mji wangu, sijapanda ndege. Nafupisha?

Kufupisha kunaanza ukishatoka mjini kwako, sio ukishakata tiketi. Eapoti ikiwa ndani ya mji we bado mkazi, swali nne. Ikiwa nje ya mji na safari yako inafika kilomita 80 na kitu, fupisha. Na huko uendako ukinuia kukaa siku nne kamili, ya kuingia na ya kutoka hazihesabiwi, basi kwa madhehebu ya Mashafi ruhusa inaisha ukifika tu, madhehebu ya Mahanafi wao siku 15. Nawajua watu wanaokuwa Mahanafi siku ya tano tu.

Nasubiri ndege ya kuunganisha masaa sita, naweza kulala msikitini?

Kulala sio haramu, Ibn Umar, sahaba mwingine, akiwa kijana alikuwa analala msikiti wa Mtume. Lakini Ibn Umar hakuburuza begi la magurudumu kutoka chooni mpaka safu ya kwanza, hakuchomeka chaja ya simu karibu na kibla watu wakajikwaa wakirukuu, wala hakukoroma adhana inaadhiniwa. Hilo zulia kuna watu wanasujudia, na ukilitia najisi ndege yako inaondoka, anayebaki kulifua ni mtu wa mtaa ambaye hata hujamsalimia. Lala pembeni, begi libebe, adhana ikilia inuka.

Ijumaa ni lazima kwa msafiri?

Sio lazima, ila ukiiswali inatosha, hudaiwi Adhuhuri. Kama huiswali usije ukaanzisha swala yako ya jamaa ya Adhuhuri kwenye kona huku hutuba inaendelea, nimeyaona hayo kwa macho yangu.

Nimefika nyumbani nikajikuta nimevaa ndala za kutawadhia za msikiti wa eapoti. Nifanyeje?

Zirudishe, au wapelekee thamani yake. Viatu vyako ulivyoviacha kule ndo basi tena.