Ripoti ya mpima ardhi peke yake haitoshi

Ndugu, umeuliza kama ripoti ya mpima uliyemlipa mwenyewe inatosha kumshinda jirani anayedai uzio wako umeingia kwake. Kwa kawaida haitoshi. Mahakama huipokea kama maoni ya mtaalamu, na maoni hupimwa: alianzia bikoni ipi (alama ya mpaka iliyowekwa ardhini), alitumia ramani ipi ya upimaji, jirani aliarifiwa kabla?

Hapo ndipo ripoti nyingi huanguka. Mpima anafuata uzio uliopo, anachora, anagonga muhuri, bila kutafuta alama za mwanzo. Hiyo inaonyesha uzio ulipo, si mpaka ulipo. Alama za awali zikikutwa palepale zilipowekwa, mara nyingi huwa na nguvu kuliko vipimo vya urefu na eneo vilivyoandikwa kwenye hati. Kwa hiyo mpima wako aeleze kwa maandishi alichokikuta na alichokikosa, na awe tayari kuhojiwa.

Tafuta pia picha za zamani, mikataba ya mauzo, na watu walioshuhudia mpaka ukiwekwa. Na tafadhali sana, usiguse bikoni hata ukiamini imehamishwa. Ipige picha, iache. Jirani akikubali, teueni mpima mmoja kwa pamoja.