Jibini la korosho halitaki kuganda: kasoro iko wapi?

SWALI: Situmii maziwa, kwa hiyo najitengenezea jibini la korosho. Naloweka korosho saa mbili, nazisaga kwa maji na chumvi, kisha nakamulia ndimu nyingi ili ligande kama maziwa yanavyokatika. Hata likilala kwenye friji linabaki uji mzito wenye chengachenga. Mara ya mwisho nilitia unga wa aga (kigandishi kinachotokana na mwani) ndani ya blenda, chenga zikazidi. Nakosea wapi?

JIBU: Ndimu umeipa kazi isiyo yake. Maziwa hukatika kwa sababu yana kasini, protini inayoshikamana ikikutana na asidi. Korosho hazina kasini. Ndimu itazipa ukali wa ladha, basi. Ukiizidisha unaongeza maji tu. Kinachogandisha jibini la namna hii ni kitu unachokitia wewe, na hapo aga ni chaguo zuri, ila haifanyi kazi bila kuchemshwa.

Chenga zako kwanza. Sugua kidogo kati ya vidole. Zikiwa ngumu kama mchanga, ni korosho ambazo hazikulainika: saa mbili za maji baridi hazitoshi. Loweka saa 6 hadi 8 au, bora zaidi, zichemshe dakika 15, maana moto pia hupunguza vijidudu. Jibini la korosho mbichi limewahi kuambukiza watu salmonela, bakteria wa kuharisha, nchini Marekani, mwaka 2014 na tena 2021. Zikiwa chenga laini zinazoteleza kama jeli, hiyo ni aga iliyoshtuka: huanza kuganda ikishuka hadi nyuzijoto 40 hivi, hivyo ikimwagwa kwenye mchanganyiko wa baridi huganda vipandevipande kabla hujaikoroga.

Kwa kipande cha kukatika kwa kisu, pima korosho gramu 150 zikiwa kavu, zisizokaangwa wala kutiwa chumvi. Zikishachemka zichuje, uzisage zingali moto pamoja na maji ya moto mililita 100, mafuta ya nazi yasiyo na harufu gramu 40, maji ya ndimu kijiko kimoja na nusu cha chakula, chumvi kijiko kimoja cha chai na kitunguu saumu cha unga robo kijiko cha chai. Usiwe na haraka: saga dakika 3 au 4, ukisimama kukwangua kingo. Ukipata chachu ya chakula, ile ya vipande vya njano, vijiko viwili vya chakula vinaleta ladha ya jibini kuliko kitu kingine chochote. Hamira ya mkate isitumike badala yake. Ingali hai na ni chungu.

Kando, koroga aga ya unga gramu 7 (kijiko cha chakula kilichosawazishwa) katika maji baridi mililita 150. Bandika motoni, koroga hadi ichemke, kisha iache itokote polepole dakika 3 hadi 5. Mwiko ukiinuliwa na bado unaona punje, haijayeyuka. Imwage yote ndani ya blenda ikiwa moto, saga sekunde 20, mimina haraka kwenye chombo kilichopakwa mafuta. Ndimu usiichemshe pamoja na aga. Asidi na moto huidhoofisha. Friji saa 3 zinatosha.

Ila jibini hili halitayeyuka juu ya mkate wa moto, kwa kuwa aga iliyoganda huhitaji nyuzijoto 85 hivi ili ilegee. Ukitaka la kuvutika, acha aga kabisa. Saga korosho gramu 75 zilizochemshwa na maji mililita 300, wanga wa muhogo gramu 30, chumvi na ndimu kijiko cha chai kimoja kimoja, kisha pika moto wa wastani bila kuacha kukoroga. Litafanya mabonge ya kutisha; endelea tu, baada ya dakika chache litakuwa zito na la kung'aa. Hakikisha ni wanga mweupe uliokamuliwa, maana unga wa muhogo uliosagwa mzima utakupa uji.

Lozi pia zinafaa, lakini zimenye maganda na utegemee ukwaruzo kidogo. Weka jibini lako kwenye friji, ulimalize ndani ya siku 5.