Maswali na Majibu: Barua Zilizookotwa Jalalani

Tangu nigusie maandishi ya mafunjo, ile karatasi ya kale iliyotengenezwa kwa mmea wa majini, kutoka Misri ya enzi za Warumi, maswali yamemiminika. Haya ni baadhi.

Humo kuna barua za Cleopatra?

Cleopatra, malkia wa Misri, alikufa mwaka 30 KK, na Warumi ndipo walipoichukua nchi. Swali hili limekuja mara ya tatu mwezi huu. La nne sitalijibu.

Karatasi za babu yangu zimeliwa na mchwa ndani ya miaka thelathini. Hizo zilidumuje?

Kwa ukame. Grenfell na Hunt, Waingereza wawili, walipoanza kuchimba Oxyrhynchus, mji wa kale wa Misri, majira ya baridi ya 1896 kuamkia 1897, hawakufukua kaburi la mfalme. Walichimba majalala ya mji, mahali ambapo mvua ni adimu na mafuriko ya Nile hayafiki. Kwa miaka waliyochimba vilitoka vipande kama nusu milioni, na vingi ni taka za watu wa kawaida: risiti, madeni, hati za kuuziana punda, barua ya mtoto Theon anayemgombeza baba yake kwa kutaka kwenda Alexandria bila yeye. Asipochukuliwa, anasema, hali wala hanywi!

Mfalme anayechonga sifa zake ukutani anajua utamsoma. Aliyetupa risiti hakujua, ndiyo maana mimi namwamini yeye. Hata neno letu "karatasi" lilitoka kwa Wagiriki likapitia kwa Waarabu, na kwa Wagiriki lilikuwa ni gombo la mafunjo. Na wewe, za babu zilizosalia zipige picha leo hii.

Shuleni tulifundishwa kwamba Warumi walileta amani. Wanakijiji waliifaidi?

Waulize wazee waliolipa kodi ya kichwa enzi za mkoloni. Misri kulikuwa na sensa kila baada ya miaka 14, na mwanamume akifikisha miaka 14 alianza kulipa kodi ya kichwa. Katika wilaya ya Fayum mwanakijiji alitozwa drakma 40, sarafu za fedha za wakati huo, kwa mwaka, na mwenyeji halisi wa mji mkuu wa wilaya alitozwa drakma 20. Raia wa Rumi na wa Alexandria hawakutozwa kitu. Juu ya hapo kulikuwa na siku tano za kazi ya lazima kwenye mifereji na matuta ya maji, na ukizimaliza unapewa hati. Hati hizo tunazo nyingi, maana watu walizitunza kama roho zao. Walioshindwa walitoroka, na fungu lao wakabebeshwa waliobaki. Mwaka 104 BK gavana Vibius Maximus aliamuru kila aliye nje ya kwao arudi kuhesabiwa. Hiyo ndiyo amani.

Nani aliandika, ikiwa wengi hawakujua kusoma?

Mwandishi wa kulipwa, au jirani, na chini anaongeza kwamba ameandika kwa niaba ya fulani asiyejua herufi. Aibu haikuwapo. Aibu iko kwa Petaus, karani wa kijiji cha Ptolemais Hormou miaka ya 180. Karani! Tunacho kipande alichofanyia mazoezi ya sahihi yake, "Petaus, karani wa kijiji, nimewasilisha", mstari baada ya mstari. Katikati akaruka herufi moja, kisha akaendelea kunakili kosa lake mwenyewe hadi chini. Karani mwenzake, Ischyrion, aliposhtakiwa kwamba hajui kusoma, Petaus alimtetea: si mjinga huyu, mbona anatia sahihi? Ofisi za namna hiyo sihitaji kwenda Misri kuziona.

Uchawi je?

Mwaka 197 katika kijiji cha Karanis, Gemellus Horion, mtu mwenye jicho moja, alipeleka malalamiko serikalini. Jirani yake Julius aliingia shambani kwake na kijusi, mtoto asiyezaliwa, ili kumfunga kwa uchawi mkulima wake, kisha akabeba mavuno. Gemellus akawaita wazee wa kijiji washuhudie. Julius akamrushia Gemellus mwenyewe kijusi mbele yao, akaondoka na mazao yaliyobaki. Tazameni alichoomba Gemellus. Hakutaka mganga, alitaka malalamiko yake yahifadhiwe ili apate kuwashtaki. Wanaonitumia swali hili wakitarajia miujiza wasome malalamiko mpaka mwisho.

Ni kweli walioana kaka na dada?

Ni kweli. Fomu za sensa zinaandika waziwazi: mke wangu, dada yangu wa baba mmoja na mama mmoja. Lakini katika barua binafsi kuwa mwangalifu, kwani mke huitwa "dada" kwa heshima au mapenzi tu, na wewe umeshamwita dada muuza mboga.

Nimeona mtandaoni kipande cha mafunjo cha kale kinauzwa. Ninunue?

Usinunue. Kikiwa halisi huenda kimeibwa: mwaka 2019 Egypt Exploration Society, shirika la Uingereza lenye mkusanyo wa Oxyrhynchus, lilitangaza kwamba vipande vyake vilikuwa vimeuzwa kinyemela. Na kikiwa na picha ya Cleopatra, kimechorwa juzi.