Ile kanda uliyoikuta kwa bibi yako

Mwanangu, nimeiona meseji yako na picha ya ile kanda ya kwaya yetu, unauliza kwaya za Dar zilifikaje kwenye kanda na mbona kwenye kava tupo wote na sare zetu za zambarau lakini hakuna jina la mtu hata mmoja. Leo niko nyumbani, ngoja nikujibu.

Kwanza kwaya niliyoingia mimi ilikuwa ya ibada tu, kanda hatukuziwaza. Wajerumani waliojenga kanisa la Kilutheri la Azania Front pale karibu na bahari walituachia tenzi za sauti nne, na sisi tulijifunza kwa nota za herufi, yani solfa, d r m f s l t, zile zilizoenezwa na Mwingereza John Curwen. Mwalimu anaandika ubaoni kwa chaki, hugusi maneno ya wimbo mpaka nota zimekaa, sauti ya pili tunaimba so so la so wiki nzima, yani nilikuwa nasonga ugali kwa solfa! Alafu vijana wakaleta magitaa. Wazee wa kanisa wakasema dansi limeingia madhabahuni na kwa kweli hawakukosea, mji wenyewe ni wa dansi, mpiga solo wetu angejifunzia wapi kwingine?

Sasa kanda. Redio ilikuwa moja tu, RTD, yani Redio Tanzania Dar es Salaam, na TV huku bara hatukuwa nayo mpaka 1994, kwahiyo kama unataka wimbo ufike mikoani na kwenye mabasi ni kanda. Sisi tulirekodi kabla ya hapo kidogo, usiku, maiki mbili kwaya nzima tumezizunguka, besi wamesukumwa nyuma mlangoni maana wanameza wenzao, feni imezimwa isije ikasikika, jasho linatiririka na mmoja akikosea wote mnarudi mwanzo, hakuna cha kubandika sauti moja moja kama siku hizi.

Majina tuliambiwa kwaya ni ya usharika, kuandika jina ni kujikweza, na mimi hilo nililiamini, mpaka leo nusu naliamini. Ila lilimfaa sana msambazaji. Alichukua masta, ile kanda mama ya kutolea nakala, akatupa hela ya kinanda kimoja, akasema kanda haziuziki, huku kila stendi unaisikia. Ungemdai kwa jina la nani? Sheria ya hakimiliki iliyoleta COSOTA, chombo cha kusimamia haki za wasanii, ilipitishwa 1999, sisi tulishaolewa na kuhamahama. Ndo maana siwalaumu waliotoka kwaya wakaimba peke yao na jina lao likakaa kwenye kava, hata Rose Muhando, yule mwimbaji wa injili, alianzia kwaya kule Dodoma.

Ukitaka kunijua mimi nenda upande B, wimbo wa tatu, kabla kiitikio hakijaingia kuna mtu anawahi peke yake, "Bwa", alafu kimya. Ndo mama yako huyo. Tulikuwa tumerudia mara saba na umeme ulishakatika mara moja, mwalimu akasema iacheni hivyohivyo. Ila usiiweke kwenye ile redio ya mjomba wako, inakula kanda.