Ndugu aliyepotea vitani, je, anarithi?

SWALI: Assalaamu alaykum, shehe. Niko Chogo, Handeni. Serikali ya Somalia ilipoanguka mwaka 1991, tulikimbia vita na wazazi, mdogo wetu wa kiume akabaki Jamaame. Hatujui yu hai au la. Kaka mmoja alihamishiwa Marekani, siku hizi kimya. Baba amefariki, mama alitangulia. Kaka niliye naye hapa anataka shamba tugawane wawili tu. Inafaa?

JIBU: Waalaykumu ssalaam, dada yangu. Allah amrehemu mzee wenu.

Haifai. Mtu hurithi kwa nasaba, na nasaba haikatwi na mpaka wala ukimya. Kama hakuna mrithi mwingine, lipeni kwanza madeni na wasia, kisha shamba ligawanywe mafungu saba: kila mtoto wa kiume mawili, wewe moja.

Wa Marekani ana haki kamili. Surat An-Nisaa, aya ya 7, imeyafanya mafungu haya kuwa faradhi, mali iwe ndogo au nyingi. Akitaka kusamehe, atamke mwenyewe. Na kama kimya chake kimewaumiza, Mtume (s.a.w.) amesema, kama alivyopokea Bukhari, kwamba muungaji udugu si yule anayelipa wema kwa wema, bali ni yule ambaye akikatwa, yeye huunga. Basi mtafuteni ninyi.

Aliyebaki Jamaame huhesabiwa hai mpaka upatikane ushahidi wa kifo au kadhi ahukumu. Fungu lake liwekwe. Ikithibitika alikufa kabla ya baba, litarudi kwenu. Kama alikufa baada yake, ni la warithi wake, na huenda ameacha watoto.

Mwambie kaka yako hili kwa upole: wazee wenu walichukuliwa utumwani Somalia katika karne ya 19. Wajukuu waliporudi Handeni wakikimbia vita, zaidi ya miaka mia imepita, bado walikuwa na Kizigua chao, na Wazigua wa hapa wakawatambua kuwa ni damu yao. Leo tumfute ndugu wa tumbo moja kwa miaka thelathini na ushei? Moyo wangu unakataa kabisa.

Nendeni pia Msalaba Mwekundu. Wana huduma ya kutafuta jamaa waliotenganishwa na vita. Wapeni jina lake, la baba na la kijiji. Kaka akililima fungu hilo, mkubaliane kodi, iandikwe mbele ya mashahidi na iwekwe kwa jina la mwenyewe.

Wallahu a'lam.