Barua kwa mwanangu: nani alikua na kauli kwenye meli za Waviking

Mwanangu,

Sisi huku wazima, mamako anasema uvae koti lile zito, ameangalia hali ya hewa ya huko kwenye simu akaguna. Picha zako za makumbusho ya Roskilde, huko Denmark, kwenye meli za Waviking, wale mabaharia wa zamani wa kaskazini ya Ulaya, nimezipata zote, ile ya mbavu za meli nimeikuza mpaka simu ikapata moto. Afu ukauliza swali kwa mstari mmoja kama kawaida yako: "Baba, hawa Waviking walikua na sheria baharini au mwenye shoka kubwa ndo alikua sheria?" Nikaanza kukujibu kwa voisi nikaona itakua ndefu, na voisi zangu husikilizi mpaka mwisho, najua, kwa iyo nimekaa hapa barazani naandika. Unajua babako hii habari inamnogea tangu zile safari za Bergen, Norway, tukiwa bandarini mi nilikua naenda kushangaa yale maghala ya mbao wenzangu wakienda kutafuta bia.

Sasa hapo uliposimama kuna vyombo vitano, vilizamishwa makusudi karibu mwaka 1070 kuziba njia ya maji wasipite maadui, wakaja kuviibua 1962. Najua ulipiga picha ule mrefu wa vita, mita 30, ulijengwa Dublin karibu 1042, watu 65 mpaka 70 humo ndani. Kila mtu anapiga picha huo. Mi ningekaa na ule mfupi mnene wa mizigo, mita 16 tu, unabeba kama tani 24 na unaendeshwa na watu sita mpaka wanane. Huko ndo swali lako lina jibu, maana kwenye chombo cha vita kuna mkubwa wa nchi nyuma yake, lakini hawa saba wako katikati ya bahari hakuna mfalme hakuna polisi, na mara nyingi hao mabaharia hawakua watu wa mshahara, kila mtu ana mzigo wake humo ndani, huyu bando la kitambaa cha sufu, yule ngozi, mwengine ana kipande cha chombo chenyewe. Sasa nahodha utamfokea nani? Ukimfokea sana mwenye robo ya meli si atakuangalia tu.

Ushirika wa namna hiyo walikua na jina lake, félag. Fé ni mali, tena mifugo hasa, na lag ni kuweka chini, yaani mnaweka mali zenu pamoja chini kisha mnagawana faida na hasara, na mwenzio kwenye shirika anaitwa félagi. Si maneno ya kwenye karatasi tu haya, yako kwenye mawe. Kuna jiwe Aarhus, si mbali na huko uliko, watu wanne wamelisimamisha kumkumbuka félagi wao aliyekufa wafalme walipopigana. Lingine la Hedeby, mji wao wa zamani ambao leo uko kaskazini ya Ujerumani, mtu kamwekea félagi wake Eirik aliyekufa mji ulipozingirwa, na sifa aliyompa ni kwamba alikua mshika usukani na kijana mwema sana. Fikiria gharama ya kuchonga jiwe zima kwa ajili ya mshirika wa biashara. Mi kuna mtu nilishirikiana nae boti miaka mitano, siku zilipopotea nyavu hakunijibu ata simu, jiwe atanichongea kweli huyo?

Na sheria zenyewe zilikua vichwani. Iceland, kile kisiwa walichohamia watu wa Norway, walianzisha baraza lao kubwa, Althing, karibu mwaka 930, na walikua na mtu kazi yake ni kuisema sheria kwa sauti mbele ya watu, theluthi moja kila mwaka, kwa iyo miaka mitatu anaimaliza yote halafu muhula wake umeisha. Wameanza kuandika majira ya baridi ya 1117 kuingia 1118. Kabla ya hapo ukitaka kujua haki yako ulikua unaenda kusikiliza, na ukibishana unabishana na watu wenye kumbukumbu kuliko zako. Ndo maana nakwambia usidhani hakuna karatasi basi hakuna sheria. Babu yako na wenzake kwenye jahazi walikua na mgao, chombo fungu lake, nahodha lake, mpishi lake, umewahi kuona karatasi ya hiyo mambo? Na mtu akipunjwa bandari nzima inajua kabla ya jioni.

Haya nikupe chungu sasa, maana sheria yao mi naionaga kwenye chungu. Simulizi za Iceland zinasema zamani wafanyabiashara wa baharini hawakua na mpishi, wanaokula pamoja wanapiga kura ya bahati kila siku nani apike leo. Kinywaji nacho ni cha wote, pipa linakaa pale kwenye mlingoti, lina mfuniko wa kufungwa, likiisha linajazwa. Yaani hata kunywa kuna utaratibu! Sasa kulikua na kijana mmoja Muiceland anaitwa Thorleif Kimbi, wamefika Norway wametia nanga kwenye kisiwa, wameshuka kupika, kura imemwangukia yeye. Sufuria ni moja na anayo mwenzake Arnbjorn, Muiceland pia, anapika uji wake bado anakoroga. Thorleif kasimama pembeni anasubiri, anasubiri, wale Wanorway wa kwenye chombo wakaanza kupiga kelele chakula kiko wapi, ama kweli nyie Waiceland wavivu. Kijana damu ikapanda, akaikamata sufuria akaumwaga uji wa mwenzie wote chini akaondoka nayo. Arnbjorn kabaki na mwiko mkononi umejaa uji wa moto, akamchapa nao shingoni. Pigo lenyewe dogo, lakini uji ulikua unachemka, shingo ikaungua.

Hapo ungetegemea shoka eh? Hakuna. Thorleif akasema hawa Wanorway hawatatucheka sisi watu wa nchi moja, ila hili nitalikumbuka tukikutana nyumbani. Ugomvi ukawekwa kiporo mpaka nchi kavu. Na kweli miaka mitatu baadae akaenda kuposa, kaka wa binti akamwambia kwanza hayo makovu ya uji uliyopigwa Norway yapone shingoni ndo uje kuniomba dada, na kutoka hapo koo mbili zikaja kushikiana silaha. Sikwambii walikua watu wapole. Nakwambia walijua chomboni si mahali pake, maana saba mkiwa watano hakuna wa kuvuta tanga.

Na chungu kina uzito kuliko unavyodhani. Sheria ya Iceland ilisema mgeni akifa nchini mwao hana ndugu pale, mali yake inachukuliwa na félagi wake. Hana félagi? Basi yule aliyekua anakula nae chungu kimoja. Hata huyo hayupo? Ndo nahodha sasa. Umeona mpangilio huo, mwenzio wa kijiko anamtangulia nahodha! Mi nilivyolisoma hilo nilicheka peke yangu, mamako akaniuliza kulikoni.

Biashara nayo ilikua na mizengwe yake. Chombo kikifika Iceland, wakubwa wa eneo ndo walikua wanatangaza bei ya bidhaa za nje kabla mtu hajanunua. Kuna nahodha wa Norway anaitwa Orn alifika, mkubwa wa hapo Tungu-Odd akaja kumpangia bei kama desturi, Orn akasema mali ni yangu bei napanga mwenyewe. Odd akapiga marufuku mtu yeyote kununua kwake au kumsaidia, mzigo ukakaa tu, mpaka tajiri mmoja Blund-Ketil akajitosa akamchukua kwake na mali yake yote, na Odd hakufurahi hata kidogo. Hapo mi namuelewa Orn kabisa, ila wakulima nao, chombo kinakuja kimoja majira yote ya joto, ukimwachia muuzaji mmoja bei utalia. Pesa yenyewe ilikua kitambaa cha sufu, walikipima kwa dhiraa, dhiraa sita zinahesabika sawa na wakia moja ya malipo. Na Muiceland akitia nanga Norway nae analipa ushuru kwa mfalme, kwa makoti na kitambaa au kwa madini ya fedha, nusu ya marki, kipimo chao cha uzito, lakini kwa makubaliano waliyofanya na mfalme Olaf Haraldsson, mwanzoni mwa karne ya 11, anapata haki zake mbele ya sheria ya Norway na anachota maji na kukata kuni bure. Maji na kuni, baharia yeyote anajua hilo ndo la kwanza kuuliza bandarini.

Wenzao wa upande wa mashariki walioteremka mito ya Urusi mpaka Constantinople, Istanbul ya leo, waliandikiana mkataba na Wagiriki 911, na humo kuna kipengele kwamba chombo cha mmoja kikitupwa ufukweni na dhoruba, mwengine akiwa karibu lazima amsaidie na mzigo wake. Na mjini waliruhusiwa kuingia kwa lango moja, bila silaha, watu 50 kwa mkupuo, wanasindikizwa na mtu wa mfalme. Mwenyeji nae alikua anawajua wageni wake haha. Ila walipewa chakula, waogeshwe watakavyo, na wakati wa kurudi wapewe nanga na kamba na matanga.

Kuna moja lazima niliseme nisije nikakupaka mafuta kwa mgongo wa chupa. Kura na mgao na chungu ni vya watu huru. Mzigo wa vyombo hivyo mara nyingi ulikua watu, Dublin lilikua soko kubwa la watumwa, na mtumwa hana kura wala félagi. Sisi watu wa pwani hatuhitaji kuelezewa hiyo.

Baadae wafalme wakaanza kuyaweka hayo ya mdomo kwenye vitabu, Magnus wa Norway katoa sheria ya mji wa Bergen 1276 na ndani yake kuna sehemu nzima ya wasafiri wa baharini. Hapo utapenda. Chombo kinahesabika kinafaa kwenda bahari kuu kama hakihitaji kutolewa maji yaliyoingia ndani zaidi ya mara tatu kwa usiku na mchana. Mara tatu! Mi nimefanya kazi kwenye meli ya chuma, sitaitaja, pampu ya ngama, ile ya kutoa maji chini ya meli, haikuzimwa wiki nzima na karatasi za ukaguzi ziko safi kabisa zimegongwa mihuri. Kipimo cha hao wazee kila aliyeshika upo, ile kata ya kukumbia maji, mkononi anaweza kukihesabu mwenyewe, ikifika ya nne anamwangalia nahodha. Na mzigo ukibidi kutupwa kwenye dhoruba haimaanishi aliyetupiwa chake kafilisika, hasara inagawanywa kwa wote kulingana na thamani ya mali ya kila mtu. Leo kampuni za meli bado zinafanya hivyo, uliza watu wa bima hapo kazini kwako.

Na ukiharibu sana adhabu yenyewe inakupeleka baharini. Eirik Mwekundu alifukuzwa Iceland miaka mitatu karibu 982 kwa kuua, akaitumia hiyo miaka kupeleleza pwani ya Greenland. Aliporudi akaanza kuwaita watu wahamie.

Namalizia na hii maana ndo niliyotaka kukupa tangu mwanzo nikazunguka. Miaka ya elfu moja hivi, nahodha Bjarni Grimolfsson alikua anarudi kutoka nchi walizozigundua magharibi ya Greenland, upepo ukampeleka kwenye bahari yenye wale wadudu wanaokula mbao. Unakumbuka babu alivyokua anapaka chombo sifa, yale mafuta ya papa, na deheni ya chokaa kila kinapopandishwa pwani, ndo hao hao. Kuja kushtuka chombo chote chini kimekua chujio. Walikua na mashua moja iliyopakwa lami ya mafuta ya sili, hiyo wadudu hawaigusi, ila inabeba nusu ya watu tu. Bjarni akasema tupige kura nani apande, na isiangaliwe cheo cha mtu. Wote wakakubali. Kura ikamwangukia yeye kupanda, akashuka kwenye mashua na wenzie waliobahatika. Juu kabaki kijana mmoja Muiceland aliyetoka nae kwao, akamuuliza, yaani Bjarni unaniacha hapa? Bjarni akasema ndo ilivyo. Kijana akasema sivyo ulivyoniahidi nilipoondoka kwa baba yangu kukufuata. Bjarni akamuuliza sasa wewe unaona tufanyeje. Tubadilishane, wewe upande huku mi nishuke huko. Bjarni akamwambia naona maisha unayataka sana, haya, akapanda juu kwenye chombo kinachozama, kijana akashuka. Mashua ilifika Dublin, wakahadithia.

Mi nimeisoma hii mara nyingi mwanangu na bado sijui nimhukumu vipi huyo kijana. Kura ilikua ya haki, hakuna aliyeibiwa. Lakini ahadi kwa baba yake ilitangulia kura, na Bjarni akaiona nzito zaidi. Jina la kijana hawakuliandika. Wa kwanza kunijibu hilo awe wewe, na usijibu kwa mstari mmoja.

Mamako anauliza kama tende zimefika.

Babako