Jibu: Farasi watatu kwenye trela moja, mmoja anauma na kupiga mateke

Habari mkuu. Nilivyokuelewa, wale wawili wanasafiri bila shida, ila ukimwongeza yule jike, vurugu inaanza.

Kabla ya kumlaumu, inua mpira uliotandikwa sakafuni mwa trela ukague mbao zilizo chini yake. Mkojo huziozesha kimyakimya, na farasi anayehisi sakafu inabonyea hatulii. Kisha angalia tairi, breki na ndoano inayounganisha trela na gari.

Mgomvi mimi humweka pembeni, asiwe katikati, na jirani yake awe yule mpole aliyemzoea. Kizuizi kati yao kifike hadi vichwani. Kamba ya kichwani iwe fupi kiasi cha kutomfikia mwenzake kwa meno, lakini aweze kushusha kichwa akohoe. Kichwa kikikaa juu safari nzima, mapafu huweza kuugua. Usimfunge kichwa kabla hujafunga upau wa nyuma (ule unaomzuia asirudi nyuma), na wakati wa kushusha anza kufungua kichwa. Hili halina mjadala.

Kona zikate polepole (breki za ghafla huwachokoza sana), na usimame kila baada ya saa 3 au 4 wanywe maji. Akiendelea na mateke, mpeleke peke yake.